Nafasi ya Milimita Nane

Chukua adapta nzuri ya kisimbuzi, ifungue, uigeuze bodi yake tumbo juu. Utaona njia za shaba zimesongamana upande huu, zimesongamana upande ule, na katikati umepita mkanda mtupu usio na shaba wala lehemu. Kwenye kazi za watu makini mkanda huo umechongwa hata ukatoboka, ukawa mfereji mwembamba. Ukiinua bodi kuelekea juani, mwanga unapenya. Mimi humpima aliyebuni kifaa kwa mfereji ule kabla sijatazama kingine chochote. Pale hakuweka kitu, na pale ndipo alipofikiri sana.

Meza yangu iko Kalinzi, kwenye barabara inayopanda kutoka Mwandiga kwenda Manyovu, chini ya kibaraza cha bati. Huku ni nchi ya migomba na kahawa. Msimu wa mavuno harufu ya buni inayooshwa inaingia hadi kwenye droo za vipuri. Asubuhi ukungu unalala juu ya mashamba, mchana vumbi jekundu linaruka, na vyote viwili huishia ndani ya vifaa vya watu. Nafungua chaja nakuta tope kavu, mayai ya mjusi, wakati mwingine sisimizi waliojijengea mji kandokando ya transfoma kwa sababu pana joto. Kwa miaka mingi mkoa wetu uliishi nje ya gridi ya taifa, kwa umeme wa jenereta za dizeli, na watu walizoea kuwasha kitu huku wamekitolea jicho. Halafu kuna radi. Kabare, huko Kivu Kusini, kaskazini ya ziwa letu la Tanganyika, ilihesabiwa kwa setilaiti katika utafiti uliochapishwa mwaka 2016 kuwa na zaidi ya radi 200 kwa kila kilomita moja ya mraba kwa mwaka, nyingi kuliko mahali pengine popote Afrika. Sisi ni majirani wa mawingu hayohayo.

Siku moja mama mmoja jirani aliniletea kisimbuzi chake amekifunga kwenye khanga.

"Fundi, hiki kitu nikikishika kinanitambaa mkononi kama siafu."

"Unakishika pale kwenye chuma, mama?"

"Kwenye chuma. Na nikiwa sina ndala ndiyo kabisa."

Nilifungua adapta yake. Haikuwa na mfereji. Shaba ya upande wa ukutani na shaba ya upande wa kisimbuzi ziliachana kwa upana usiozidi milimita mbili, na katikati yake vumbi lilikwishashika unyevu, likaacha alama nyeusi nyembamba kama mchoro wa kalamu. Umeme ulianza kujitengenezea njia. Juu yake, mahali panapostahili kapasita ya pekee iliyoundwa ili ikifa ife ikiwa wazi, mtu alikuwa amechomekea kapasita ya kawaida, aina ambayo ikifa huweza kufa imeshikana. Siku ingeshikana, volti 230 zingekuja moja kwa moja kwenye chuma kile, na mama asiye na ndala angekuwa amekishika. Nilimwambia adapta hii hairudi nyumbani. Jioni ile nikaamua kuunda yangu, kuanzia kwenye karatasi tupu.

Kazi yenyewe ni hii. Umeme wa ukutani una volti 230 na mapigo 50 kwa sekunde. Dayodi nne zinaunyoosha, kapasita kubwa inaukusanya, na sasa una volti 325 hivi za mkondo mnyoofu, ambazo hubaki ndani ya kapasita na kuuma hata baada ya kuchomoa waya. Upande wa pili unahitaji volti 12 tu, zenye upole wa kushikwa na mtoto. Nguvu lazima ivuke, lakini pasiwe na uzi hata mmoja wa shaba unaounganisha huku na kule. Faraday alionyesha mwaka 1831 kwamba jambo hilo linawezekana: sumaku inayobadilika kwenye waya mmoja huamsha umeme kwenye waya mwingine usiougusa.

Redio za babu zetu zilitumia ukweli huohuo kwa transfoma ya chuma, nzito kama jiwe la kusagia, kwa sababu ilifuata mapigo 50 ya ukutani. Fikiria watu wawili wanaojaza pipa kutoka mtoni. Anayekwenda mara chache anahitaji ndoo kubwa. Anayekwenda na kurudi mbio mbio anaweza kutumia kikombe. Katika ubunifu wa sasa transista iitwayo mosfeti inauruhusu umeme na kuukata mara 65,000 kwa sekunde, kwa hiyo kikombe kinatosha: kipande cha feraiti kinachoenea katikati ya kiganja. Mwaka 1977 kompyuta ya Apple II ilitoka na ugavi wa umeme wa namna hii, kazi ya mhandisi Rod Holt, mwepesi na baridi kiasi cha kutohitaji feni, wakati wengi bado walikuwa wakibeba chuma.

Namna niliyoichagua inaitwa flaibeki. Mafundi waliowahi kufungua televisheni za chogo wanalijua jina hilo vizuri. Ndicho kile kidude cha nyuma kilichokuwa kikiwarusha. Katika televisheni zile mwale ulichora mstari, kisha ukaruka kurudi mwanzo, mara 15,625 kwa sekunde, na katika kule kurudi sumaku ilipoporomoka ndipo volti elfu nyingi zilipozaliwa. Kwenye ugavi wa umeme mwendo ni uleule ila kwa adabu zaidi. Mosfeti ikiruhusu, mkondo unapanda kwenye waya wa upande wa moto, yaani ule wa ukutani, na nguvu inajikusanya ndani ya sumaku. Wakati huo dayodi ya upande wa baridi, ule wa volti 12, imeziba. Mosfeti ikikata, nguvu haina pa kwenda ila kutokea kwenye waya wa pili. Mlango mmoja unafungwa ndipo mwingine unafunguka. Nimeishi na mzunguko huu miaka, na bado nikiuchora karatasini hufika mahali hapo nikatua kalamu kidogo.

Hesabu ilinichukua majuma. Nilitaka volti 12, ampea 2. Kiini kilikuwa cha ukubwa wa E25, nilichokitoa kwenye kifaa kilichokufa kwa kukipasha moto polepole gundi ilegee, maana feraiti ni kama chungu cha udongo: ukiilazimisha inapasuka. Nikaruhusu umeme wa ukutani ushuke hadi 180 na upande hadi 260, kwa kuwa najua unavyocheza. Raundi zikatoka 114 upande wa moto na 12 upande wa baridi. Mosfeti ikaonekana itabeba karibu volti 600 katika kilele chake, ukijumlisha mruko ule mkali unaotokea kila mkondo unapokatwa, nikaweka ya 700.

Kisha ikaja kusuka. Mafundi wetu husema wanasuka mota, na neno hilo ni la haki. Kazi hii ni ndugu wa ukili na jamvi. Unaketi, unashika bobini mkono wa kushoto, unavuta waya mwembamba kama uzi kwa mkono wa kulia, na unahesabu. Nusu ya kwanza, raundi 57, zikilala ubavu kwa ubavu bila kupandana. Ukipoteza hesabu kwenye ya 40 usikisie, fumua. Juu yake utepe wa njano mara tatu, kila mzunguko ukifunika kingo zote mbili za uliotangulia. Halafu raundi 12 za upande wa baridi, kwa waya wenye ngozi tatu za plastiki, kiasi kwamba ngozi moja ikichubuka mbili zinabaki. Utepe tena mara tatu. Juu kabisa raundi 57 zilizobaki, na chache za kuilisha chipu inayoendesha mosfeti. Waya wa baridi sasa umekumbatiwa na wa moto chini na juu. Kadiri wanavyokaribiana ndivyo sumaku inavyopotea kidogo, na kadiri wanavyokaribiana ndivyo utepe unavyobeba dhamana kubwa zaidi. Kidole gumba changu kinaujua mvutano wa waya kabla akili haijaujua: ukilegea, raundi zinacheza na transfoma italia, ukikaza mno, vanishi ya waya inapasuka mahali usipoweza kuona.

Halafu kuna mguu wa kati wa feraiti. Vipande viwili vya kiini vikikutana kabisa, vinashiba sumaku upesi na mosfeti inaungua. Inabidi kuacha pengo. Hesabu yangu ilisema nusu milimita. Nililaza msasa juu ya kioo, nikausaga mguu ule kwa mikono, mizunguko kumi, nikapima, kumi tena, nikapima, hadi vumbi jeusi likanijaa kwenye mistari ya viganja. Watu wengi hudhani nguvu hukaa ndani ya feraiti. Sehemu kubwa yake hukaa kwenye pengo lile la hewa. Nusu milimita ya hewa ndiyo inayobeba mzigo mara 65,000 kila sekunde.

Sasa upande wa moto utajuaje kama upande wa baridi umefikia volti 12? Anayepima yuko ng'ambo, na waya hauruhusiwi. Hapo ndipo ninapolikumbuka ziwa. Ukipanda hadi ukingo wa milima ya Gombe usiku usio na mbalamwezi, utaona Tanganyika imewashwa taa kama mji, mitumbwi ya wavuvi wa dagaa imejipanga juu ya maji. Zamani zilikuwa karabai, siku hizi wengi wanatumia taa za LED zenye betri. Mwanga unashuka kwenye kina ambacho mkono haufiki, na dagaa wanaitikia. Ndani ya ugavi wa umeme kuna kidude cheusi chenye miguu minne, PC817, na ndani ya plastiki yake taa ndogo inamwangazia transista anayehisi mwanga. Kijipande kingine, TL431, kinaipima volti ya kutokea kwa kuilinganisha na volti 2.5 zake za ndani. Ikizidi, taa inawaka zaidi, transista ng'ambo anaona, chipu inapunguza mwendo. Habari zimevuka kwa mwanga, na kidude kile kimeundwa kustahimili volti 5000 kati ya pande zake.

Ila miguu yake ya kawaida imeachana kwa milimita 7.62, na ukiondoa upana wa lehemu unabaki na sita hivi. Viwango vya kimataifa vingeniruhusu nibaki hapo. Niliishika kwa koleo nikaipanua, mguu mmoja mmoja, mpaka nikapata 8. Umeme una mienendo miwili ya kuvuka: kuruka hewani na kutambaa juu ya ngozi ya bodi. Kuruka kunategemea hewa. Viwango vinakubali umbali wa kawaida hadi mita 2000 juu ya bahari, na ukipita hapo, tuseme ukiwa Kitulo, hewa imekuwa nyepesi na inabidi uongeze nafasi. Kalinzi tuko chini ya mpaka huo. Kutambaa ndiko ninakokuogopa, kwa sababu ya ukungu wetu na vumbi letu. Mfereji unakatisha njia ya mtambao. Umeme ukifika ukingoni hauna ngozi ya kukanyaga.

Daraja moja tu niliruhusu, ile kapasita ya pekee, ya nanofaradi 2.2, inayotuliza kelele za redio. Inapitisha miliampea 0.16 hivi. Vikata umeme vya kulinda watu hutegwa kwenye 30. Mtu mwenye ngozi laini anaweza kuihisi kwa mbali sana, na inaishia hapo.

Mtu niliyekuwa namfikiria wakati wote huo ni mvuvi wa Kibirizi. Amerudi alfajiri, dagaa wameanikwa mchangani, betri za taa zimeisha na lazima zijae kabla ya jioni. Suruali imekunjwa hadi magotini, maji yanachuruzika kwenye vifundo, miguu iko peku kwenye mchanga uliolowa, na anashika plagi ya betri kwa mkono uliotoka kukamua kamba. Hajui kuna kitu kinaitwa utengano. Hapaswi kujua. Ameshika upande wa baridi, na kati yake na jenereta za taifa zima kuna tepe sita, ngozi tatu za plastiki, na mfereji.

Nilikata mfereji wangu mwisho, kwa msumeno wa uzi, baada ya lehemu zote kukauka na bodi kusuguliwa kwa spiriti. Nilizungusha mega, ile mita ya kupima utengano, kati ya pande mbili. Sindano ikaenda hadi mwisho wa bao ikakaa. Kisha nikaunganisha balbu ya nyuzi ya wati 60 kwa mfululizo, kama tunavyofanya kila kifaa kinapoamshwa mara ya kwanza, ili kama kuna shoti balbu ibebe. Mama yule wa kisimbuzi alikuwa amesimama kibarazani, ndala miguuni, hataki kukaribia.

Nikawasha. Balbu ikang'aa, ikafifia, ikazima. Upande wa pili mita ilisoma 12.1.