Jean Hagen na Sauti Aliyoiazima

Katika filamu ya Singin' in the Rain ya mwaka 1952 mna hila moja ambayo wapenzi wengi wa senema huipita bila ya kuitambua. Kisa ni cha mwaka 1927, pale filamu bubu zilipoanza kutiwa sauti. Lina Lamont, nyota mwenye sura ya kupendeza, ana sauti kali ya puani na matamshi yenye kukera. Basi binti mmoja, Kathy Selden, aliyeigizwa na Debbie Reynolds, anawekwa mafichoni aseme kwa niaba yake. Tunamwona Kathy mbele ya kipaza sauti, tunaisikia sauti laini, iliyopimwa, ikitiwa kinywani mwa Lina. Sauti ile si ya Reynolds, ambaye matamshi yake hayakufaa maneno ya mahaba ya bibi wa kasri. Ni ya Jean Hagen, mwigizaji wa huyo huyo Lina. Anayechekwa kwa kukosa sauti ndiye aliyemwazima sauti yule anayesifiwa kwa kuwa nayo!

Mfasiri hawezi kuitazama hila hii akatulia. Kwetu pwani si ajabu utungo wa mmoja kuimbwa na mwingine, na katika taarabu jina linalobaki midomoni mwa watu aghalabu ni la mwimbaji. Lakini filamu hii inajidai kutetea haki ya mwenye sauti: mwishoni pazia linavutwa, Kathy anaonekana, na Lina anafedheheshwa mbele ya hadhira. Ilhali wimbo wa "Would You?", tunaoambiwa kuwa ni wa Kathy, uliimbwa na Betty Noyes, na jina lake halikutajwa. Naipenda filamu hii; fedheha ile siipendi.

Sauti mbovu ya Lina nayo ni kazi ya ufundi. Anayevunja mizani kwa makusudi sharti awe anaijua, na Hagen hakosei hata silabi moja ya ubaya wake. Alipendekezwa kwa tuzo ya Oscar ya mwigizaji msaidizi, ikaenda kwa Gloria Grahame. Wengi waliidhani ile kuwa ndiyo sauti yake.

Lau wangaliitazama kwanza The Asphalt Jungle ya John Huston, ya mwaka 1950, wasingalidhani hivyo. Filamu hii hutajwa sana kwa ajili ya Marilyn Monroe, ambaye humo ana nafasi ndogo tu. Hagen ni Doll, mwanamke asiye na pa kulala, anayebisha hodi kwa jambazi Dix, aliyeigizwa na Sterling Hayden, kuomba hifadhi ya siku chache. Anacheka, kisha kicheko kinageuka kilio. Anabandua kope za bandia, wanja ukiwa umemwagika. Haombi ahurumiwe. Sauti yake ni ya chini, yenye mikwaruzo kidogo, ya mtu aliyezoea kukataliwa kabla hajamaliza kusema. Mwishoni anampeleka Dix, akitokwa damu, hadi Kentucky kwenye shamba la utotoni mwake, na Dix anaanguka malishoni miongoni mwa farasi. Doll anapiga mbio kutafuta msaada. Sijui mwigizaji wa wakati ule aliyefanya mengi kuliko hayo kwa maneno machache namna ile.

Nafasi nyingine za aina hiyo hazikuja. Toka 1953 hadi 1956 alikuwa mke wa Danny Thomas katika mchezo wa televisheni wa Make Room for Daddy. Alipojitoa, waandishi walimfisha mhusika wake. Yaliyofuata, kama The Shaggy Dog ya 1959, yalimpa umama wa nyumbani usio na kina. Alifariki mwaka 1977, akiwa na miaka 54.

Atakayetaka kumjua aanze na Doll, ndipo amwendee Lina. Na ifikapo sehemu ya kipaza sauti, afumbe macho asikilize.