Crono Anaanza Upya, Na Sisi Je?

Ukimaliza Chrono Trigger, gemu ya Super Nintendo iliyotoka 1995, unapewa njia inayoitwa New Game+. Hadithi inarudi mwanzo kabisa: mama anamwamsha Crono aende kwenye sherehe. Lakini nguvu, mbinu na silaha ulizozihangaikia unabaki nazo. Ila watu hawakukumbuki. Marle, uliyesafiri naye enzi na enzi, mnagongana sherehenini kana kwamba hamjawahi kuonana.

Hapo gemu inasema kweli kuliko semina nyingi za hapa kambini. Tunaambiwa "mnaanza upya", utadhani tulivuka mpaka na vichwa vitupu. Nesi alivuka na unesi wake, fundi cherehani na ufundi wake. Waliobaki nyuma ni watu wa kuwashuhudia.

Pahali pamoja tu gemu inatudekeza: upanga wa Crono unakata bila kuulizwa cheti. Huku kwetu ujuzi usio na karatasi unakaa bure. Basi ndugu zetu wa mashirika, kabla ya kutufundisha kushona, ulizeni kwanza: nani hapa tayari anashona? Na sisi tunyooshe mikono.