Do Iliyofika Mapema Mno

Mstari wa mwisho wa tenzi ndio unaoonyesha kama aliyepanga sauti alijua anachokifanya. Na ni katika mstari huohuo, Jumapili baada ya Jumapili, kutoka Olenguruone hadi Keringet na mbele hadi Molo, mpiga kinanda hufanya uamuzi ambao kwangu ni kosa wazi: anaiacha staili ya mashine, yaani usindikizaji wa kujiendesha wa kinanda, impigie besi katika wimbo wa sauti nne. Mmeusikia wenyewe. Kwaya inafikia maneno ya mwisho, waimbaji wa besi wanashika so, sauti za juu zinaegemea do na mi, na wakati huohuo spika inanguruma do. Mengine yote ni mazuri: mwendo umeshikwa, soprano iko safi, ufunguo haukuyumba. Lakini wimbo umeshamalizwa kabla ya kumalizika, na hakuna ngoma wala kelele ya shangwe inayoweza kuurudisha.

Tulitazame tukio hilo polepole, maana ndilo lililonifanya niandike. Mwisho wa tenzi nyingi tulizorithi umejengwa kwa kodi tatu: ya kwanza katika mgeuzo wa pili, yaani Ic, kisha V, kisha Ia, yaani kodi ya kwanza ikiwa na mzizi wake, do, chini. Katika Ic, besi iko kwenye so, na juu yake kuna do na mi. Katika V, besi inabaki palepale kwenye so, ila do inashuka ikawa ti na mi inashuka ikawa re. Ndipo besi inaporuka kutoka so kwenda do, na wimbo unatua. Uzuri wote wa hatua hizi uko katika jambo moja: besi imekaa mahali pamoja kwa kodi mbili huku sauti mbili za juu zikiteleza nusu hatua na hatua nzima juu yake. Ile Ic ina herufi za kodi ya kwanza lakini haina utulivu wake. Do iliyo juu ya so ni ya nne kutoka besi, na ya nne iliyosimama juu ya besi inataka kushuka. Ndiyo maana mtunzi anaiweka kwenye pigo lenye nguvu kuliko la V inayofuata: anataka uzito uelemee pale, kisha ufunguke. Sasa weka do ya mashine chini ya so ya waimbaji. Ya nne haiko tena juu ya besi. Ic imekuwa Ia, kodi iliyotulia kabisa, na besi ambayo ilipaswa kusema so, so, do inasema do, so, do. Ile do ya mwisho, ambayo mshororo mzima ulikuwa ukiitafuta, imeshasikika mapigo mawili kabla, na inaporudi inarudi bila kazi.

Lawama yangu si ya kukisia, kwa kuwa namna mashine inavyofanya kazi inajulikana. Kitufe cha ACMP, yaani cha usindikizaji huo, kikiwashwa, sehemu ya kushoto ya kinanda huacha kuwa kinanda, ikawa mahali pa kuiambia mashine jina la kodi. Mpiga kinanda anaweka kidole cha chini kwenye mi, kinachofuata kwenye so, cha juu kwenye do. Mkono wake umeshika mgeuzo wa kwanza, Ib, bila shaka yoyote. Mashine inasoma herufi hizo tatu, inazitambua kuwa ni kodi ya do, na katika mpangilio wa kawaida inapiga besi ya do. Angeshika so, do, mi, ingepiga do. Angeshika do, mi, so, ingepiga do. Mikono mitatu tofauti, besi ileile moja. Mpiga kinanda anaamini amecheza migeuzo kwa sababu vidole vyake havikuhama sana, na kweli jambo hilo linalainisha sauti za katikati. Lakini mgeuzo wa kodi hauamuliwi na umbo la mkono. Unaamuliwa na herufi iliyo chini kabisa ya vyote vinavyosikika, na hiyo ameshaikabidhi kwa kifaa kisichojua wimbo unaelekea wapi.

Madhara hayaishii kwenye mwisho. Chukua mteremko ambao kila mwalimu wa kwaya anaujua, besi ikishuka do, ti, la, so, fa, mi, re, kisha so na do. Kodi zake ni Ia, Vb, VIa, Ic, IVa, Ib, IIa, V, I. Kutoka do ya kwanza hadi re kuna hatua sita mfululizo, zote za kushuka, zote jirani kwa jirani. Huo si mpangilio wa kodi tu bali ni wimbo wa pili unaoimbwa chini ya wimbo, na msikilizaji asiyejua jina la kodi hata moja anaufuata kwa sikio. Irudishie kila kodi mzizi wake, kama mashine inavyofanya, na besi inakuwa do, so, la, do, fa, do, re, so, do. Hatua za jirani zimebaki mbili. Mengine yote ni kuruka huku na huku, kama mtu aliyeanza kuteremka ngazi kisha akawa anarukaruka daraja juu na chini. Na waimbaji wa besi waliofundishwa mteremko ule kwa wiki kadhaa hawasikiki tena kama besi. Wanakuwa sauti ya katikati, aina ya teno ya pili, huku spika ikitawala chini yao. Kwaya imepoteza sauti moja na hakuna aliyepiga kura.

Najua jibu litakaloletwa na waliosoma nadharia kidogo: kodi ni ileile, herufi ni zilezile, mgeuzo ni nguo tu. Wanaosema hivyo wanaegemea jina kubwa bila kulisoma hadi mwisho. Jean-Philippe Rameau, katika kitabu chake cha harmonia cha mwaka 1722, ndiye aliyeimarisha hoja kwamba mi-so-do na so-do-mi ni sura za kodi moja yenye mzizi wa do. Hoja hiyo ilirahisisha ufundishaji kote duniani, na hata mtihani wetu wa muziki wa sekondari unasimama juu yake. Lakini Rameau huyohuyo alitenganisha besi mbili. Kuna besi ya msingi, mfululizo wa mizizi anaouandika mchambuzi ili aelewe kodi zinavyofuatana, na kuna besi inayopigwa na kusikika. Ya kwanza ni chombo cha kufikiria. Hakusema ipigwe mahali pa ya pili. Kinachofanywa na staili ya kinanda ni kuchukua maelezo ya pembeni ya mchambuzi na kuyapigia kusanyiko kana kwamba ndiyo wimbo wenyewe. Na anayeona mgeuzo wa pili ni pambo dogo amsikilize Beethoven. Allegretto ya Simfoni yake ya Saba, iliyopigwa mara ya kwanza hadharani mwaka 1813, inaanza na kuisha kwa kodi ya A ndogo katika mgeuzo wa pili, E ikiwa chini. Weka A chini ya kodi ile na umeua swali ambalo sehemu nzima imejengwa juu yake. Alivunja kanuni ya kutomalizia kwa Ic, lakini aliivunja kwa kukusudia, tena kwa kuirudisha kodi aliyofungulia. Staili ya kinanda haikusudii chochote.

Jibu la pili hutoka kwa wapiga gitaa, nao wana hoja nzito zaidi. Wanasema muziki wetu wa dansi umejaa migeuzo, na besi iko kwenye mzizi, na hakuna aliyelalamika. Ni kweli. Katika rumba ya Kongo, gitaa la ridhimu likishika kodi chini, mi-solo huishika kodi hiyohiyo juu zaidi kwenye shingo ya gitaa, kwa umbo jingine, na mapigo yao yanapishana. Benga ya Kikalenjin ya enzi za Kipchamba arap Tapotuk nayo ilisimama juu ya magitaa yanayojibizana. Lakini maumbo hayo ya juu ni mpangilio wa sauti, si mgeuzo unaobadilisha kazi ya kodi, kwa sababu mpiga besi yuko chini yao akifanya uamuzi wake. Na mpiga besi mzuri hakai kwenye mzizi tu: anapita kwenye ya tatu, anaegemea ya tano, anaandaa kodi ijayo. Mwenda Jean-Bosco alipopiga wimbo wa Masanga mbele ya mashine ya kurekodia ya Hugh Tracey mwaka 1952 kule Jadotville, Likasi ya leo, hakuwa na mpiga besi wala bendi. Alikuwa na kidole gumba na kidole cha shahada, na gumba lile linatembea. Gitaa moja la mbao, na besi ina mawazo kuliko vinanda vingi vilivyounganishwa leo na spika kubwa mbele ya madhabahu.

Jibu la tatu ndilo linalohitaji heshima zaidi: kwamba migeuzo ni mambo ya Ulaya, na Mkipsigis aliimba vizuri bila Ic. Nalikubali nusu. Wimbo wa Chemirocha, ambao Tracey aliurekodi Kapkatet mwaka 1950, umeimbwa na wasichana juu ya kinubi cha chepkong kinachorudia mzunguko mfupi, na haukujengwa kwa kodi za herufi tatu. Kuuchambua kwa Ia na Ib ni kuulazimisha. Lakini hoja hiyo inanisaidia mimi kuliko inavyomsaidia mpiga kinanda. Anayetaka kuacha harmonia ya Ulaya aiache kwa kweli, achukue chepkong, auache wimbo usimame juu ya mzunguko wake. Anachofanya mwenye staili si hicho. Amechukua tenzi ya sauti nne, ameondoa kitu pekee kilichoifanya sauti ya nne iwe na maana, kisha ameijaza nafasi hiyo na mdundo uliotengenezwa kiwandani usio wa Ulaya ya tenzi wala wa Kapkatet.

Wazee wetu hawakuwa na uzembe huu. Mwaka 1963 wanamuziki watano, Graham Hyslop, George Senoga-Zake, Thomas Kalume, Peter Kibukosya na Washington Omondi, walikabidhiwa wimbo wa kubembelezea mtoto wa Wapokomo na wakaufanya wimbo wa taifa. Wimbo wa kubembeleza huja na sauti moja; kila herufi iliyoko chini yake ililazimika kuchaguliwa na mtu mwenye sikio. Arthur Kemoli alipopanga nyimbo za kienyeji kwa kwaya, na Boniface Mganga aliposimama mbele ya Muungano National Choir, besi ilikuwa sauti yenye hadhi sawa na soprano. Nasema wazi: tuliipoteza hadhi hiyo tulipoacha kuimba kwa noti za solfa. Kitabu cha Tenzi za Rohoni kinachobebwa na wengi ni maneno matupu. Mwimbaji wa besi asiye na noti mbele yake anajifunza kutoka kwa anachokisikia, na anachokisikia ni spika inayopiga mizizi. Baada ya miaka michache anaimba mizizi. Hapo hata umeme ukipotea, kosa linabaki kwenye kwaya. Na tamasha zetu za kwaya hazisaidii pale alama zinapoufuata upesi mwendo wa mabega na rangi ya sare kuliko mwendo wa besi.

Kuna wanaotetea uamuzi huu kwa hali halisi: kanisa dogo la mlimani halina mpiga besi, mpiga kinanda ni kijana aliyejifundisha, na bila staili wimbo unapooza. Hali hiyo naijua na siidharau, lakini haihalalishi chaguo hili, kwa sababu dawa yake haigharimu shilingi. Wimbo wa kusifu wenye kodi tatu na makofi, mwache apige na staili yake. Pale besi ya mzizi inatosha. Tenzi ya sauti nne ikifika, azime ACMP na apige besi kwa mkono wa kushoto, herufi moja moja, ileile wanayoimba waimbaji wa besi. Asiyeweza kupiga vyote viwili aache kodi apige besi peke yake pamoja na wimbo, kwa kuwa kwaya yenyewe ina kodi tayari. Na mwenye kinanda cha daraja la juu aingie kwenye mipangilio yake atafute ule unaoifanya herufi ya chini kabisa ya mkono wa kushoto kuwa besi. Hapo akishika mi, so, do atapata mi chini, na Ib yake itakuwa Ib kweli.

Mwalimu wa kwaya naye ana wajibu, na ni mkubwa kuliko wa kijana wa kinanda. Yeye ndiye aliyefundisha so, so, do, na yeye ndiye anayesimama pale na kuacha do, so, do ipite. Katika mazoezi yajayo awaimbishe besi mstari wa mwisho peke yao, kinanda kikiwa kimezimwa, kisha awaite soprano na alto washuke do hadi ti na mi hadi re juu yao, mpaka kila mmoja aone kwa nini so ile haiwezi kuguswa. Kisha akiwashe kinanda, na mpiga kinanda apige so hiyohiyo. Akikataa, kinanda kinyamaze katika mstari huo, kwaya imalize yenyewe.