Mchanga Juu ya Kioo

Mwaka 1915, kitabu chake kuhusu Gregor Samsa, mtu anayegeuka mdudu, kikiwa njiani kutoka, Franz Kafka aliwaandikia wachapishaji akiwasihi jambo moja: mdudu asichorwe kwenye jalada, hata kwa mbali. Sasa filamu, ambayo riziki yake ni kuonyesha, itamfanyaje mdudu huyo?

Caroline Leaf alimwonyesha. Filamu yake fupi ya 1977, iliyotoka katika Bodi ya Taifa ya Filamu ya Kanada, ni ya dakika kumi hivi, na yote ni mchanga. Kioo kinalazwa, taa inawaka chini yake, kamera inatazama kutoka juu. Mchanga ulipolundikana ni giza. Ulipofagiliwa ni nuru. Mkono unausogeza kidogo, kamera inapiga fremu, mkono unausogeza tena. Sekunde moja inaweza kula fremu 24. Na picha ya pili haipatikani mpaka ya kwanza ivurugwe, kwa hiyo hakuna kurudi nyuma kuunyoosha mguu uliokaa vibaya.

Wengi wanaoigusa fasihi ya ubwege hukimbilia vishindo: kamera inayumba, ngoma zinatisha, mwigizaji anatumbua macho. Kafka hana vishindo. Anasimulia balaa kwa sauti ya karani anayesoma orodha ya bidhaa. Mchanga una utulivu uo huo. Mle ndani kila kitu hugeuka, chumba kikamwagikia chumba kingine, hata mtu kuwa mdudu hakuhitaji hila ya pekee. Tena mchanga hauna kingo kali. Mdudu anabaki nusu kivuli, na kwangu mimi ombi la Kafka limetiiwa nusu.

Samuel Beckett naye aliandika filamu fupi, ikapigwa New York mwaka 1964, akaificha sura ya mwigizaji Buster Keaton mpaka karibu na mwisho. Werevu upo, ila mimi huniacha baridi.

Afadhali *Pua* ya Alexandre Alexeieff na Claire Parker, ya 1963, kutoka hadithi ya Gogol. Wao walitumia ubao wenye maelfu kwa maelfu ya pini: zikichomoza, taa ya pembeni huzitupia vivuli, zikisukumwa ndani, weupe hurudi. Kinyozi anakata mkate, anakuta pua. Gogol hakueleza iliingiaje humo. Ubao nao hauelezi. Pini zilizokuwa mkate zimesukumwa kidogo tu.