Malkia wa Katwe

Niliiona filamu ya Queen of Katwe hapa Mlimba, katika kibanda cha video, si mbali na stesheni ya TAZARA. Mira Nair aliitoa mwaka 2016, juu ya Phiona Mutesi, binti wa Kampala aliyeuza mahindi akafundishwa sataranji na Robert Katende. Machozi yalinitoka, sikatai. Lupita Nyong'o, akiwa mama mtu, amekaa kweli.

Lakini mpwa wangu, mcheza bao hodari, aliniuliza njiani: "Mjomba, mbona hawakutuonyesha alivyoshinda?" Nilikosa jibu. Nyuso, matope na makofi tumeviona. Ubao wenyewe umepitiwa mbio. Umaskini wa Mutesi tumeonyeshwa mpaka sufuria, akili yake tumeambiwa tu. Cheo alichopata Istanbul mwaka 2012 ni cha ngazi ya chini kabisa katika vyeo vya wanawake, na alikitolea jasho. Kwa nini tusielezwe hivyo? Na treni hii yetu inatoka kwao Amon Simutowe, Mzambia aliyetunukiwa ugrandmasta mwaka 2009, wala sijasikia mtu akimtaja hapa stesheni.

Jioni ile mpwa wangu alichora miraba 64 uani, akanitaka nimfundishe. Mimi najua bao tu.