Ufundi wa Kuacha Kisichobadilika

Reli itokayo Kilosa ikapita Mikumi huishia Kidatu, na hapo hukutana na ya TAZARA. Ya kwanza ina upana wa milimita 1,000, ya pili 1,067. Kwa ajili ya hizo milimita 67 behewa haliwezi kuendelea na safari, ndiyo maana mwaka 1998 kikajengwa Kidatu kituo cha kuhamishia mizigo. Mwenye mzigo hukumbuka alikoutoa na anakoupeleka. Waliouhamisha hawamjii akilini.

Ndani ya kompyuta nako kuna wahamishaji wa namna hiyo, na hao ndio ninaotaka kuwasifu: mafaili ya maktaba za programu yanayoiwezesha skrini ya pili kuonesha picha kupitia poti ya USB.

Tuseme ofisi moja ya Kilosa mjini ina laptopu kuukuu ambayo poti yake ya monita imekufa. Karani anataka jedwali la hesabu liwe huku na barua kule. Fundi anamletea adapta ya USB, anaichomeka, na monita inawaka. Au haisomi. Kinachoamua mara nyingi ni faili moja ambalo karani hatalifungua maisha yake yote.

Kazi ya faili hilo ni ngumu kuliko inavyoonekana. Kwanza linaiuliza monita ina ukubwa gani, nayo hujieleza katika baiti 128. Kisha linakabiliwa na hesabu isiyolingana. Picha ya nukta 1,920 kwa 1,080, kila nukta biti 24, ikichorwa upya mara 60 kwa sekunde, inadai takriban biti bilioni 3 kila sekunde. USB 2.0, hata kwa nadharia, inapitisha biti milioni 480 tu. Mzigo umeizidi njia mara sita.

Waliobuni maktaba hizi walijiuliza ni kipi hakina haja ya kusafiri. Programu hutunza nakala ya kile ambacho monita imekwisha kupokea, ikakilinganisha na picha mpya. Karani akiandika herufi moja, kinachotumwa ni kijisehemu kilichobadilika. Ukurasa uliobaki unakaa ulivyo. Hata katika hicho kinachotumwa, nukta nyeupe zikifuatana kwa wingi hazitajwi moja moja: hutajwa rangi mara moja, kisha idadi ya nukta hizo. Ukifungua video utaona ufundi huu ukihema, kwa kuwa picha nzima inabadilika kila mara. Lakini kwa barua, jedwali na hati za ofisi, njia nyembamba inatosha.

Kampuni iliyoeneza vifaa hivi ilianzishwa Cambridge, Uingereza, mwaka 2003 na Quentin Stafford-Fraser na Martin King, ikiitwa Newnham Research kabla ya kuwa DisplayLink. Mwaka 2009 kampuni ilitoa maktaba iitwayo libdlo, msimbo wake ukiwa wazi chini ya leseni ya LGPL. Mwaka huohuo Roberto De Ioris, Jaya Kumar na Bernie Thompson wakawa wanaandika draiva ya Linux ya udlfb, yaani programu inayoendesha kifaa, na mwaka 2012 Dave Airlie akaingiza kwenye kerneli, kiini cha Linux, draiva ya udl, iliyojengwa kwa sehemu juu ya kazi yao. Uwazi huo una mpaka: kwa vifaa vya USB 3, maktaba ya evdi iliyotoka 2015 iko wazi, ila programu inayofungasha picha zenyewe imebaki ya kampuni.

Kwetu uwazi huu una thamani ya pekee. Vifaa vingi hutufikia vikiwa vimepita mikono mingine. Diski ya draiva imepotea zamani, na mtengenezaji anashughulika na matoleo mapya. Adapta ya zamani ya DisplayLink ikichomekwa kwenye kompyuta ya Linux, kerneli inaitambua kwa namba ya kampuni hiyo, 17e9, na draiva iko tayari ndani. Fundi hahitaji kuchoma bando kutafuta faili mtandaoni, wala kuomba ruhusa ya mtu.

Kwa hiyo vijana wanaojifunza kompyuta ningewashauri wayasome mafaili haya kabla hawajaandika programu zao. Watajifunza kwamba fundi hupimwa pia kwa alichokiacha: asichokituma kwa sababu hakijabadilika, na asichokifungia ili mwingine aendeleze. Msimbo wa udl una majina ya De Ioris, Kumar na Thompson pale juu, pamoja na mwaka 2009. Leseni haimzuii mtu wa Mikumi kuongeza la kwake. Anachodaiwa ni kazi nzuri.