Mwajuma Anaposikiliza

Kwenye mabanda ya video hapa Ubaruku, Usangu, muziki wa filamu hausikiki sana. Bwana wa sauti ni mtafsiri. Tangu enzi za mtafsiri Lufufu tumezoea filamu ishushwe ili sauti yake ipite juu, na nje, msimu wa mavuno, mashine za kukoboa mpunga zinanguruma hadi usiku. Kwa masikio yaliyokulia hivyo, kazi ya Siti Amina katika Vuta N'kuvute inataka utulivu, na inaulipa.

Filamu hiyo ya Amil Shivji, iliyotokana na riwaya ya Shafi Adam Shafi ya mwaka 1999, ilioneshwa kwenye tamasha la Toronto mwaka 2021. Siti Amina ndiye Mwajuma, rafiki anayempokea Yasmin aliyeikimbia ndoa ya mume mzee. Alifika mbele ya kamera akiwa tayari mwimbaji na mpiga udi wa Siti and the Band ya Zanzibar, yenye albamu ya Fusing the Roots ya 2018.

Shingo ya udi ni tupu, haina vyuma vya kukuonesha pa kubonyeza. Kidole kikiteleza kidogo tu, sauti imeharibika. Mpigaji hana budi kuisikia sauti kichwani kabla hajaigusa. Taarab asilia inaongeza somo jingine. Ala zinaanza, zinazunguka, na mwimbaji amekaa, zamu yake bado. Akianza kuimba harukiruki. Fumbo linamwendea mtu mmoja katika ukumbi mzima, na mwenyewe analipata bila kutajwa jina. Kwangu mimi huo ni uigizaji kamili, tena wa filamu hasa, maana kamera hukaa karibu na hunasa hata jicho linalokwepa.

Ndiyo maana namwamini Mwajuma. Akiimba, habaduki kwenye uhusika ili tumpigie makofi msanii. Mwenzake akisema, humwoni akingoja sentensi yake ifike. Anasikiliza kweli, kama mpiga udi anavyoisikiliza fidla ya jirani.

Mwimbaji Papa Wemba alipita njia ya karibu na hii mwaka 1987 katika La Vie est Belle, filamu ya Benoît Lamy na Mweze Ngangura. Aliigiza Kourou, mwanamuziki maskini anayetafuta bahati Kinshasa, na muziki wake ukaibeba hadithi. Anapendeza mno, ila kila mara unajua unamtazama Papa Wemba. Siti Amina anajificha zaidi, na mimi nauheshimu zaidi ufundi huo wa kujificha.

Kwa hiyo, siku mwongozaji atakapokuja kupiga filamu huku Usangu, asianze kwa kuwapanga vijana foleni wamlilie machozi ya majaribio. Aende mazoezi ya kwaya jioni, akae benchi la nyuma, awaangalie wale wa besi wakati sauti ya kwanza inaimba peke yake.